Kituo cha Abiria Mmoja

Lisekese,
Masasi.
20 Oktoba 2024

Mpendwa mpwa wangu Huruma,

Shikamoo yako imefika ikiwa nzima, nami naitikia marahaba mara mbili, moja yangu na moja ya Bibi yako Ethel. Macho yake hayasomi tena, lakini barua yako alitaka aishike mkononi. Mnaendeleaje huko Dar es Salaam? Mkwe wetu Chrispin kikohozi kimemwachia? Sisi tupo. Goti langu la kulia linasema mvua haiko mbali, na goti hili halijawahi kukosea. Wale wa redio wangekuwa na akili wangekuja kuliuliza.

Mabibo ya mikorosho yanaanguka na waokotaji hakuna. Nimechoka, kwa hiyo mwandiko usikushangaze.

Umeniuliza historia ya stesheni yetu, kwa sababu wenzako wa kazi hapo kwenye stesheni yenu ya ghorofa wamekucheka uliposema Masasi ilikuwa na treni. Mimi nilikuwa sijazaliwa, lakini naikumbuka kuliko wengi walioipanda.

Waingereza walikuja na mipango yao ya karanga, wakaleta reli kutoka pwani. Bonde letu hujaa maji, basi wakachota udongo, wakapandisha tuta juu ya shamba la ukoo wetu, na juu ya tuta wakaweka stesheni. Watu walipanda ngazi za mawe kwenda kukata tiketi. Bibi yako anasema ukisimama pale uliona moshi wa jikoni Newala. Anapunguza. Uliona na chungu chenyewe, na kama ni kisamvu ulijua. Babu yako Nikolao ndiye aliyeinua bendera. Treni nzima, chuma kitupu, ilikuwa inangoja amalize ugali wake.

Karanga zikakataa. Muda mfupi baada ya uhuru reli ikang'olewa. Mabati yakaenda, milango ikaenda, mataruma yakawa vizingiti vya nyumba za watu, hata ngazi za mawe zikabebwa. Likabaki tuta, na sisi tukarudi kupanda muhogo.

Sasa sikiliza jambo lililonifanya niandike badala ya kupiga simu.

Mwezi wa nane alikuja bwana mmoja, Lukmani, mkandarasi wa barabara, anatafuta kifusi. Aliliona tuta akalipenda. Ukaitishwa mkutano wa kijiji. Mimi ndiye mjomba, nikasimama kwa niaba ya ukoo, nikawaambia tuta lisiguswe, chini yake kuna kaburi. Bibi yako alikuwa na mdogo wake, Silvano, aliyefariki hajaanza kutembea. Alizikwa pale shambani. Wajenzi wa reli walipokuja, wazee waliomba wamhamishe kwanza. Wakaambiwa kesho. Kesho yake udongo ulikuwa umeshamwagwa.

Watu wakacheka. Somoe, yule muuza mihogo ya kukaanga, akasema, "Zabroni, juzi treni ilibeba tembo, leo imebeba kaburi?"

Hiyo ya tembo ni kweli, nitakueleza ukija. Lakini siku ile maneno yaliniisha. Mimi, Zabroni. Nikakaa chini.

Somoe kuona nimekaa, akashusha sauti. "Haya, kaburi lenyewe liko wapi?"

"Pale mama anapomwaga unga."

Unakumbuka: kila mwaka kabla ya kupanda, Bibi alikuwa anapanda tuta na unga wa mtama kwenye kitambaa, anaumwaga pale palipokuwa na dirisha la tiketi, anasali Baba Yetu, anashuka. Nyie watoto mlipaita pale Bibi anapolisha sisimizi. Kijiji kizima kimepaona miaka yote, hakuna aliyeuliza, na Bibi hakutaka tupatangaze.

"Kumbe," Somoe akasema. "Mimi nilidhani ni uzee."

Lukmani akaahidi kaburi hataligusa, na kweli hakuligusa. Katapila lilikula tuta lote na udongo wa shamba chini yake, likaacha kipande hicho kimesimama peke yake kama kichuguu, kirefu kunipita, juu hakizidi upana wa mkeka. Mvua ikishika kitaanguka, na mtoto wa watu atakwenda na maji.

Padre ametupa nafasi makaburini pa kanisa tumhamishie. Wachimbaji wapo, sanda ipo. Nikaazima ngazi, nikapanda na goti hili, nikamwaga unga wa kumwamsha. Niliposhuka Bibi akauliza nani amemwaga. Nikasema mimi. Akasema, "Rudi ukaufute. Wewe unausemea ukoo, huubebi."

Ni kweli. Unga ule humwagwa na mwanamke wa tumbo letu, maana ukoo wetu hufuata mama. Miguu ya Bibi imekwisha. Mama yako Rose, dada yangu, tulishamzika. Binti zangu ni wa tumbo la mama yao. Umebaki wewe.

Njoo kabla mvua haijashika. Basi linaingia Masasi jioni, nitakupokea mwenyewe na bodaboda. Ningeweza kukuamuru kama mjomba, lakini nakuomba, maana nimechoka kusema, na safari hii kusema kwangu hakutoshi.

Na hao wenzako waambie hivi: stesheni yetu ilijengwa, ikang'olewa, ikachotwa na malori, na bado iko juu, ina abiria mmoja. Kila jioni Bibi anauliza kama umejibu.

Msalimie Chrispin na watoto wote. Shangazi yako Scholastika, mke wangu, anakusalimu, amekuwekea korosho za kubangua mwenyewe, si za dukani. Bibi anasema Mungu anayewajua hata waliozikwa bila kuhamishwa akulinde njiani.

Ni mimi mjomba wako, nikupendaye hata nikiwa nimechoka,

Zabroni