Sufuria ya Bi Mwajuma

Isevya, Jumapili

Na nyama yenyewe imelainika vizuri, ndicho kinachonikera zaidi.

Nimerudi kutoka kanisani nikamkuta mume wangu anachemsha nguruwe, tangu asubuhi, kwenye sufuria ya Bi Mwajuma, jirani yetu Mwislamu. Bi Mwajuma alituazima kwa ajili ya kipaimara cha binti yetu. Sufuria yetu ya nguruwe ilikuwa pale pale jikoni.

"Ile ndogo," akasema. "Hii tutaisugua kwa majivu, hatajua."

Hatajua. Mama wa watu anakula pilau ya Krismasi kwangu kila mwaka, na hajawahi kuuliza imepikiwa kwenye nini.

Nimekwenda kumwambia mwenyewe. Akasema, "Kaa nayo tu, mwanangu."

Krismasi hii nitampelekea soda. Pilau sina uso wa kumpa.