Maneno Mazuri ni ya Wageni

Sakina, mvivu wewe,

Wiki ya sita hii umelala, na kazi zote umeniachia mimi. Ijumaa ni arubaini yako. Nilikuahidi tangu zamani kwamba pilau ya hitima yako nitaipika mimi, nawe ukasema afadhali watu wale mawe. Basi sikiliza: huenda nisipike. Huenda hata mlangoni pako nisifike. Mwanao Idi amesema nikikanyaga ua wenu siku hiyo atanitoa mbele ya watu wote, na atawaambia kwa nini.

Anasema nimekuua.

Usicheke. Najua unacheka. Mimi sicheki, na tangu aliposema hayo Jumapili ugali siuli. Ndiyo maana nimechukua daftari la mjukuu, na shule yangu unaijua, iliishia pale mwalimu wetu alipougua. Herufi zangu zinalala kama walevi. Zisome hivyo hivyo.

Siku ya tatu ya matanga nilileta chai ya maziwa kwenye termosi, nikammiminia Idi. Idi yule yule niliyembeba mgongoni wewe ukiwa kwenye cherehani yako. Akapokea kikombe, akakishika, akaniangalia. Hakunywa. Alikuwa anangoja nionje kwanza, kama mgeni anavyoonjewa na mwenyeji asiyemwamini, ajue hakuna sumu ndani. Mimi! Wewe sikukuonjea hata siku moja. Ulikuwa unaninyang'anya kikombe ukisema, "Lete hiyo sumu kabla haijapoa." Hasira ikanipanda. Nikachukua kile kikombe nikaimwaga chai chini, nikaondoka.

Kosa. Najua ni kosa, usinifundishe. Jioni ile kwenye bomba la maji walikuwa wanasema: angekuwa hana neno, angeonja.

Daktari alimwambia Idi ni ini, na kwamba lilikuwa bovu siku nyingi. Idi anajibu kwamba sumu nayo inapiga ini. Utamwambia nini mtu wa namna hiyo? Nawe ulikuwa umemficha maumivu yako mwaka mzima, mjinga wewe, ukijifunga kanga tumboni ukasema ni baridi ya Kigali.

Aliyepeleka maneno ni mkamwana wako Zaina. Nilitaka kumchukia, nikashindwa, kwa sababu hakusema uongo. Alikuwa anaanika nepi nyuma ya ua wa minyaa, siku tatu kabla hujafa, akanisikia nikikuambia, "Kufa basi, Sakina, kufa upesi, nipate mahali pa kuanika mashuka yangu." Aliyarudia kwa Idi mumewe kama yalivyo, hakuongeza, hakupunguza. Zaina ametoka Kibungo, kwao watu wanaongea chini, na wakikuambia kufa wanataka ufe. Mwaka mmoja tu ameolewa hapa. Nani alimfundisha lugha yetu? Wewe hukumfundisha. Na mimi nilimsemesha kwa adabu tu, "Hujambo mwanangu, umeamkaje mwanangu," kwa sababu maneno mazuri ni ya wageni.

Wewe sikukupa neno zuri hata moja, na wewe hukunipa. Siku nilipoletwa hapa mtaani Rwezamenyo bibi harusi, nimefunikwa hata njia sioni, mtu wa kwanza kuchungulia chini ya shela ulikuwa wewe, jirani. Ukageuka ukawauliza wakwe zangu, "Kwani walikosa mwingine?" Mimi nikasema, "Walikuwa wanakuja kwako, mbwa wenu akawafukuza." Yampayinka, ulivyocheka! Tangu hapo ikawa kila asubuhi, "Mchawi, bado uko hai?" nami, "Nakungoja wewe utangulie." Na siku mume wangu alipofariki, watu walijaa nyumbani na pole zao, pole, pole, mpaka nikawa sisikii kitu. Ukaja wewe, ukasimama mlangoni, ukasema, "Maskini, amepumzika. Miaka ishirini na wewe si mchezo." Nikacheka maiti ikiwa ndani. Baada ya kicheko ndipo kilio kilipotoka. Wale wa pole hawakukitoa.

Sasa mambo hayo nimweleze nani? Maneno ya kinyume ni kama nguo iliyogeuzwa, wewe fundi unajua: aliyeishona anajua upande upi unagusa mwili. Tulikuwa wawili tuliojua. Mmoja amekufa, na aliyebaki ana maneno tu mkononi, na maneno yenyewe ni "mchawi," na "sumu," na "kufa upesi."

Halafu nikajiharibia tena. Konseye, mkuu wa mtaa wetu, alikuja Jumamosi, kapiga tai, kaniuliza kwa sauti ya kanisani, "Bibi, ni kweli ulimtakia marehemu kifo?" Mtu mwenye akili angejibu hapana. Mimi nikamwambia, "Ndiyo, na wewe ndiye unayefuata, kaa hapo nikuletee chai." Nilidhani atacheka. Mtoto huyo nilimjua hana suruali! Akaandika, Sakina. Akatoa kalamu akaandika.

Mji huu si ule uliouacha wiki chache zilizopita. Neno likitoka halirudi. Vijana wenye kofia za vyama vya siasa wanakaa njia panda kusikiliza nani amesema nini. Muuza mkaa alitania rangi ya bendera yao, wakamvunjia mlango. Kila mtu sasa anaongea kama anatembea juu ya vigae vya chupa. Na mimi ulimi wangu haukuzoea viatu. Usiku nausikia mlango wa mabati ukigonga, najiuliza ni upepo au ni wao wamekuja na ile karatasi ya konseye. Wanawake bombani wananipisha nichote mbele yao. Zamani ningesema wana heshima. Wanaogopa ndoo zao zisigusane na yangu.

Lakini si hilo linaloniamsha. Nimezunguka ukurasa mzima nikikwepa, sasa nasema.

Siku ile pale uani hukuniita mchawi. Ulisema, "Zuhura, nakufa." Jina langu, Sakina! Lini uliwahi kuniita jina langu? Ulikuwa umeshika ule mti wa minyaa, na utomvu wake unaunguza, hukuuachia. "Leo nakufa" ulinisemea mara elfu, ya joto, ya njaa, ya deni, ya viatu vipya. Hii haikuwa hiyo. Nilisikia. Usiniambie sikusikia, masikio yangu mazima. Nilisikia nikaogopa, na kwa kuogopa nikavuta mzaha haraka, kama mtoto anavyovuta blanketi kichwani. Nikakwambia kufa basi.

Ukaangalia mashuka yangu. Ukacheka kidogo. Ukasema, "Yenyewe machafu." Ukarudi ndani.

Kile kicheko kilikuwa cha nini? Miaka yote nilisoma kinyume chako bila miwani, na hicho cha mwisho kimenishinda. Ulicheka kweli? Au uliona nimeogopa, ukanisitiri, ukaenda kufa peke yako ili mimi nisiaibike? Kama ulinisitiri, umenifanyia vibaya. Ungenipiga kofi. Ungesema mara ya pili.

Idi anadai nimekuua kwa sumu. Hapo nina jibu, na ningeweza kulipigia kelele mpaka Kiyovu wasikie kwenye mahoteli yao. Lakini nikikana hilo tu nikanyamaza, nitakuwa nimemdanganya mwanao. Yeye hajui kwamba mama yake alitafuta mtu wa kumwambia, akaja kwangu, nami nikamfungia mlango kwa kicheko. Nikimwambia, huenda akanichukia kwa haki, na hiyo itakuwa mbaya kuliko hii ya sasa. Ya sasa naweza kuikasirikia.

Nimewaza tangu alfajiri. Ijumaa watu watakuwa wengi, na mbele ya watu najijua, nitajibu kwa ukali. Kwa hiyo siingoji Ijumaa. Idi yuko nyumbani sasa, namsikia anapasua kuni. Nakwenda mikono mitupu, bila chai, bila sahani. Nitamwita na Zaina asikie, maana yeye ndiye anayesikia maneno kama yalivyo, na leo nataka msikilizaji wa namna hiyo. Nitasema mama yako aliniambia anakufa na mimi nikaogopa. Nitasema alikuwa rafiki yangu na nilimpenda. Hayo maneno sijawahi kuyatoa kinywani, hata kwa marehemu mume wangu. Sijui yanatamkwaje bila kuchekesha.

Lala salama, Sakina. Hapo sina kinyume.

Nakuahidi hivi: Idi akinifukuza leo, nitarudi kesho kuyasema tena, na maneno yale yale, sibadilishi hata moja. Akinifukuza kesho, nitakaa chini nje ya lango lake mpaka achoke kuniona. Viatu nimeshavaa.

Zuhura