Majivu Getini kwa Baba Otieno

Mpendwa Otieno, mtoto wa mama yangu,

Nakuandikia kwa Kiswahili, si kwa Kiluo chetu, na usishangae. Kama ningetaka usome peke yako ningeandika Kiluo. Hii nataka isomwe na wengine pia, hasa yule mtu wa Sindo na wenzake waliokupeleka kupigana vita vya rafiki yao. Wao wasome kwanza. Wewe huna haraka tena.

Najua tayari unachotaka kusema. "Wacha, Achieng." Tangu utotoni hilo ndilo lililokuwa neno lako kwangu. Mtu akinikosea, kabla sijafungua mdomo, wewe umeshasema wacha.

Unamkumbuka yule mvulana wa Magunga aliyekuita mwoga mbele ya darasa zima kwa sababu ulikataa kupigana naye? Nilichukua viatu vyake wakati wa mpira nikavitumbukiza chooni. Nilirudi nyumbani nikiimba. Kesho yake nakuona unatembea pekupeku kwenye mawe ya barabara ya shule, naye yuko mbele yako amevaa viatu vyako. Nilikununia mpaka Sabato. Ukanifuata nyuma ya jiko ukaniambia, "Yule hana baba, Achieng. Atanunuliwa vingine na nani?" Nilikasirika zaidi.

Baadaye na sisi tukawa hatuna baba. Mimi nilikuwa nimeshaolewa Awendo, nawe ukanifuata huko kutafuta kazi. Mume wangu akakuingiza kwa watu wa matrekta ya miwa, na kabla mwaka haujaisha madereva walikuwa hawataki fundi mwingine. Ulikuwa unaweka sikio kwenye injini kama daktari, unafumba macho, halafu unasema, "Huyu anakohoa." Ulirudi jioni na ile ovaroli inanuka dizeli na molasi mpaka nikakukataza kuingia nayo ndani. Tulikaa nje mlangoni tukitafuna miwa iliyoanguka kwenye trela, tukishindana nani atatema makapi mbali. Wewe ulikuwa unashinda. Mpaka sasa nasema uliiba, ulikuwa unasogeza mguu mbele.

Ulipoingia jeshini hatukuogopa. Ulituambia kazi yako itakuwa ile ile, kulala chini ya lori, tofauti ni kwamba utalala umevaa sare. Ulioa, ukapata mtoto, ukajenga pale nyumbani karibu na Magunga, kando ya nyumba ya mama. Mambo yalikuwa yametulia.

Halafu serikali ikatangaza kwamba rafiki yetu yuko vitani huko ng'ambo na ameomba askari. Watu walibishana redioni. Kuna waliosema rafiki mwenyewe ndiye aliyevianza, na hata kwao watu wameandamana kuvikataa. Mama alizima redio. Mimi nilijiuliza jambo moja tu, wale tunaoenda kuwapiga wametufanya nini? Sisi huku tunajua kugombana, na tukigombana kuna sababu, ng'ombe au mpaka wa shamba. Watu wa nchi ile hawajawahi kutuibia hata mbuzi.

Siku ya kukuaga Mheshimiwa alikuja, mbunge wetu, yule mtu wa Sindo, aliyepiga kura mwende. Alikula jogoo wa mama, akasifu ugali, kisha akasimama katikati ya uwanja na kipaza sauti. Akavua kofia yake, ile ya ukili yenye utepe mwekundu, akakuvika. "Nimesikia kijana huyu hana baba," akasema. "Kuanzia leo mimi ni baba yake. Ni mimi nimemtoa, na ni mimi nitamrudisha, kwa mikono yangu." Mama alilia kwa furaha. Unajua alivyokuwa tangu baba afe, akisubiri mtu mmoja tu aseme neno kama lile. Watu wakapiga vigelegele. Wewe ulikuwa umesimama chini ya ile kofia, imekuzidi mpaka masikioni, unanitazama mimi kwa jicho lile la kuniomba nisicheke.

Kofia uliiacha kwa mama. Ulisema jeshini wana kofia zao.

Ulipokuwa huko ulinipigia simu mara chache, na kila mara nilikuuliza chakula, nawe ukanijibu mambo mengine. Uliniambia, "Nyamera, dada yangu, watoto wa huku hawatupungii mkono. Tukipita wanaingia ndani." Kwetu hata lori la mchanga likipita watoto wanakimbia kando yake wakipunga. Siku nyingine ulisema malori ya rafiki ni mazuri, yana vyuma vinene pande zote, ila hayo yanakaa nyuma. Yetu ndiyo yanatangulia. Nikakuuliza kwa nini. Ukacheka kidogo. "Labda wanataka sisi tuwaonyeshe njia." Simu ya mwisho ulininong'oneza kama mtu anayeogopa kuamsha mtoto. "Hawa watu walinikosea nini, Achieng?" Nilikuambia ule vizuri.

Walikuja wanaume wawili wenye sare, wapole. Walisema lori lenu liliungua na hakuna kitu cha kuleta. Walimkabidhi mama mkoba wako. Ndani kulikuwa na shati, Biblia yako ndogo, na viatu. Mama alivigeuza viatu vile mara mbili, kisha akanipa mimi bila kusema. Havikuwa vyako, Otieno. Vilikuwa vikubwa, vya mtu mwenye mguu kama kasia. Wale askari walisema huenda vimechanganyika. Mimi nilijiuliza ni nani huko alikosa viatu, ukampa vyako.

Nilimpigia Mheshimiwa. Msaidizi wake alishika. "Mheshimiwa ako kwa mkutano." Nikapiga tena, bado ako kwa mkutano. Mkutano huo nadhani ulianza kabla hatujazaliwa. Mwishowe nikamwambia msaidizi amwambie baba yake Otieno aje matangani, na aje na mtoto kama alivyoahidi. Nikasikia kijana yule anaongea na mtu pembeni, na sauti ninayoijua, ile ya kipaza sauti, ikasema, haikujua kama nasikia, "Hakuna mwili, hakuna matanga. Sasa hao watazika nini?"

Otieno, nimetukanwa mara nyingi maishani, nikalipiza, nikasahau. Hilo nimelihifadhi.

Tulizika tunda la yago. Unaujua ule mti wa bondeni, njia ya kwenda Ruma, wenye matunda marefu yanayoning'inia kwa kamba zake, ambao tulikuwa tunakatazwa kucheza chini yake. Wazee walikuwa wanazika tunda lake mtu akizama ziwani na asionekane. Baba mdogo Ouma alilikata mwenyewe. Mzee wa kanisa alisema hawezi kuombea tunda, akatuombea sisi akiwa amelipa sanduku kisogo. Mama naye alikuwa amekataa kata kata, akisema yeye ni Msabato na hataki miungu nyumbani kwake. Lakini tulipolifunga kwa shuka nyeupe alinyoosha mikono, akalipokea, akalipakata. "Ni mzito kama alivyozaliwa," akasema. Hakutaka kulirudisha. Mkeo ndiye aliyelitoa mikononi mwake, polepole, na kuliweka kwenye sanduku.

Sasa nisikilize vizuri, kwa sababu hapa ndipo ungeanza kusema wacha.

Kulikuwa kumebaki buru. Unajua inavyokwenda: wanaume wanapaka majivu, wanabeba matawi na mikuki, ng'ombe wanatolewa, na kifo kinafukuzwa kutoka bomani mpaka kule kilikotoka. Watu wa siku hizi wanaipeleka kichakani tu, wanarudi kula. Baba mdogo alitaka tuelekee mtoni. Nikamuuliza, "Kifo cha Otieno kilitoka mtoni?"

"Kilitoka ng'ambo," akasema.

"Ng'ambo hatutafika na ng'ombe. Lakini Sindo tutafika."

Akauliza kama nimemwambia mama. Nilikuwa nimemwambia, na mama alikuwa amejibu kwamba fahali wake hatatoka kwenye zizi kwa mambo ya shetani, akaingia ndani akafunga mlango. Asubuhi iliyofuata tulimkuta fahali amesimama katikati ya boma, kamba imelala chini. Mama alikuwa anafagia.

"Nani amemfungua?" baba mdogo akauliza.

"Sijui. Imejifungua."

"Ndume imejifungua?"

Watu waliangua kicheko palepale matangani, na mama akaendelea kufagia bila kuinua kichwa. Ungekuwepo ungecheka mpaka ukae chini.

Nilivaa ovaroli yako ya Awendo, ile yenye molasi, na kichwani nikavaa kofia ya utepe mwekundu. Nilibeba beseni la majivu ya moto wa matanga. Tulishuka na umande bado uko kwenye nyasi, na kila kijiji tulichopita watu walitoka wakajiunga nasi, wengine hata hawakuuliza ni buru ya nani. Tulipofika Sindo kina mama waliokuwa wakianika dagaa waliacha nyavu zao. Nadhani hata walioko majini walitusikia.

Geti la Mheshimiwa limepakwa rangi ya dhahabu. Mlinzi wake ni mtu wa kwetu. Aliona ng'ombe, akaona majivu, akavua kofia yake na kusogea kando, kwa sababu hakuna mtu anayesimama mbele ya buru. Mheshimiwa mwenyewe akasikia kelele, akaona matawi juu ya ukuta, na unajua alifikiri nini? Alifikiri ni wapiga kura. Alitoka na suruali ya michezo na ndala, anatabasamu, mkono juu. "Asanteni, watu wangu," akasema. "Asanteni sana."

Kisha akaniona mimi. Hakunitambua mimi, aliitambua kofia. Mkono wake ulishuka kidogo kidogo. Fahali wa mama alichimba ile bustani yake kwa pembe, akakojoa kwenye matofali, akatulia. Hakuna aliyegusa mtu wala kitu. Baba mdogo Ouma akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Tumekuletea kilio cha mtoto wako. Wewe ndiye baba yake." Nami nikamwaga majivu yote pale anapokanyaga akitoka, nikaweka kofia yake juu. Tukageuka. Tulirudi tukiimba, kama watu waliotua mzigo.

Kifo tulikiacha pale, na hakijaondoka. Alimwamuru mlinzi afagie, mlinzi akaacha kazi. Alimleta mwingine kutoka mbali, huyo akafagia, lakini wageni wake bado wanapita nyuma, kwenye mlango wa kuku. Sasa geti la dhahabu limefungwa na majani yameota mbele yake.

Na hilo ndilo dogo. Kubwa ni jina. Sijui nani alianza, nafikiri ni wale kina mama wa dagaa. Sindo nzima inamwita Baba Otieno. Akishuka garini wanamsalimia kwa heshima zote, wanapiga magoti kidogo, "Habari ya asubuhi, Baba Otieno. Kijana amefika?" Kanisani, sokoni, kwenye mikutano yake, hakosi mmoja wa kuuliza kwa upole kama kijana amefika. Hawezi kukasirika, maana ametukanwa wapi? Jina alijipa mwenyewe, na kipaza sauti mkononi. Nasikia amekonda. Nikisikia hivyo siku yangu inakuwa nzuri.

Wiki iliyopita alikuja Awendo mwenyewe, bila msaidizi. Alikaa kwenye kiti chako, pale mlangoni, malori ya miwa yakipita. Akaniambia, "Dada, hii kitu imetosha. Waambie watu wawache." Alitumia neno lako, Otieno. Nilihisi kama amekuvua na hilo. Nikamuuliza kama amekuja na wewe. Akatazama malori. Nikamuuliza kama amewahi kumuuliza rafiki yake ulipolala. Akasema mambo haya ni ya nchi na nchi, si rahisi. Nikamwambia mimi sina nchi, nina kaka. Nikampa vile viatu vikubwa, akavitafutie mwenyewe, na akimpata amuulize aliyempa vyake yuko wapi.

Alivichukua. Aliondoka amevikumbatia kifuani, na watoto wa jirani zangu wakampungia mkono. "Kwaheri, Baba Otieno."

Sijashiba. Nilidhani nitashiba. Trekta likipita linakohoa, masikio yangu bado yanakusikiliza useme kitu. Natema makapi ya miwa peke yangu na kila siku nashinda mimi.

Tangu tukuzike, kila anayekuja kwetu anakuambia ulale. Mzee wa kanisa amekuambia ulale mpaka parapanda. Mkeo anakuambia ulale, mtoto anafundishwa kusema lala, baba. Mama anakuombea usingizi kila jioni kwa machozi. Mimi ndiye dada yako, na sijawahi kukuomba kitu kibaya maishani, sasa nakuomba hiki kimoja. Usilale, omera, ndugu yangu. Mama usimsumbue, mtoto usimtishe. Pitia pale ng'ambo, mchukue na huyo wa mguu mkubwa kama mko pamoja, mje mpaka Sindo. Geti la mbele limefungwa, mlango wa kuku uko wazi. Bisha hodi, na akiuliza ni nani, mwambie mtoto wake amefika.

Dada yako,
ambaye hatawacha.