Mbuzi wa Mzee wa Timbwani

Talha, wallahi hili ni kweli tupu, na si mimi. Ni mzee mmoja hapa Timbwani.

Kamfundisha mkewe mchezo wa karata za vita kwenye simu: "Usitoe karata ya joka mapema. Mwache adui amalize nguvu zake kwanza." Akajitapa, "Ukinishinda, nakupa mbuzi!"

Mke kaficha joka. KAFICHA JOKA, Talha! Somo la mzee mwenyewe! Mzee kamaliza nguvu zote, mara joka likamteketeza.

"Yu wapi mbuzi wangu?"

Mzee kwa ujanja akamletea mbuzi ya kukunia nazi.

Mke akacheka. "Ahsante, mume wangu. Sasa ikalie. Wageni wa maulidi waja, na nazi ni gunia zima."

Usicheke. Naandika kwa kidole kimoja, vyengine vyote vimejaa nazi.