Gauni Nililolibana kwa Hasira

Mpendwa mshauri, naomba msaada, maana jambo hili nimeshindwa kulimeza na kulitema siwezi.

Mimi ni fundi cherehani, nashonea sebuleni, na jirani yangu tumetenganishwa na ukuta mmoja tu, sasa ni miezi mitatu anamwaga maji ya kufulia mlangoni kwangu, nikimwambia ananijibu, "Kama hutaki kulowa, hamia ghorofani," na katikati ya hayo binti yake akapata mchumba, gauni la harusi akaniletea mimi nimrekebishie, kwa sababu tangu mdogo ananiita mama mdogo, basi siku moja nikateleza kwenye yale maji nikaanguka na nguo za wateja, nikaingia ndani nimefura, nikalibana lile gauni kiunoni vidole viwili, kusudi kabisa.

Binti alipokuja na mama yake kulijaribu, zipu ikagoma. Nilingoja mama yake anitukane nimjibu, yaishe. Badala yake akasema, "Samahani jirani, huyu ndiye kanenepa, kazi yako haina kasoro." Binti akalia. Tangu siku hiyo hali kitu, chai kavu tu, na jana ameanguka bafuni. Harusi imebaki wiki mbili. Kitambaa kilichozidi kwenye mshono sikukikata, naweza kulifumua kimyakimya nikasema limekaa sawa. Je, nitakuwa nimekosea?

Fundi mwenye aibu

Fundi, pole kwa kuanguka, na huruma yangu inaishia hapo. Umegombana na mama, ukamwadhibu mtoto! Hasira hasara, lakini hii hasara anaibeba asiyemwaga hata kikombe cha maji.

Kwenye maji una haki, na utaidai siku nyingine. Usiichanganye na hili, maana nakujua, utaanza na "samahani" umalizie na "lakini mama yako naye".

Lifumue leo. Kimyakimya, hapana. Gauni likimkaa ataamini ni njaa iliyomsaidia, na ataingia kwa mumewe akiogopa sahani. Nenda nalo mkononi, mwoneshe ulipobana, mwambie, "Mwanangu, hukunenepa. Ni mimi." Mama yake atafoka, mtaa utasikia, na wateja wawili watatu watakuhama. Umeyataka mwenyewe, vumilia. Usijibizane na mtu, na usitoke nyumba ile mpaka umemwona binti anakula.