Hoja Niliyoiacha Chatsworth

Jumamosi, 12 Mei 2012

Darasa limeisha vibaya. Au halijaisha — ndiyo taabu yenyewe.

Kina mama wa madrasa ya Chatsworth, huku kusini ugenini, walitaka kujua ninasoma nini hasa huko chuoni, mwanamke mzima na buibui langu, falsafa, falsafa. Nikasema leo nitawaonjesha. Nikawaeleza kwamba zamani, Baghdad na Bukhara, Waislamu walivifasiri vitabu vya Wayunani, wakampenda mmoja wao hadi wakamwita Mwalimu wa Kwanza. Yeye anasema ulimwengu hauna mwanzo. Na wakatokea Waislamu, tena mabingwa, wakaitia nguvu hoja yake: Mungu ni kamili, hakosi kitu, hangojei kitu. Jiko likiwaka, joto halisemi nitakuja wiki ijayo. Basi kuumba alingojea nini? Hakungojea. Ulimwengu uko naye tangu na tangu.

Wanazuoni waliowapinga walikuwa na desturi: hoja ya mpinzani unaijenga kwanza, unaijenga vizuri mpaka mwenyewe angekushukuru, ndipo unaijibu. Nikajenga. Wallahi nilijenga! Macho yao yote kwangu. Nikavuta pumzi nianze jibu — adhana ya Magharibi. Wote wakainuka. Baada ya sala kila mtu mbio kwake, waume wanangoja chakula.

Bi Sakina peke yake alirudi kukaa kwenye jamvi. Nikamwambia jibu Jumamosi ijayo, Bi. Akasema haya. Lakini hakunitazama.

Jumapili, 13 Mei

Maalim Jecha kapiga simu asubuhi. Ndiye mkuu wa madrasa, Mpemba mwenzangu, ndiye aliyenipa darasa hili. Salamu yenyewe ya haraka haraka. Eti nimewafundisha wake za watu kwamba dunia haikuumbwa? Nikasema Maalim, ile hoja ya wapinzani, jibu lilikuwa njiani. Akaniuliza: wao wameondoka na kipi?

Hapo kanishika. Maana ni kweli. Wameondoka na ukafiri mtupu, umepangwa vizuri, kwa sauti yangu mimi.

Jumatatu, 14 Mei

Kamati ya madrasa imekaa. Jumamosi nikasome jibu lililoandikwa, na wanaume watasikiliza nyuma ya pazia. Hoja yenyewe nisiirudie hata neno moja. Wasiporidhika, darasa la wanawake linafungwa.

Chuoni napita ukumbini kama sipo. Chatsworth wananiita Ustadha, wananiwekea kiti, wananibishia! Sitaki kulipoteza darasa lile. Sitaki kabisa.

Jumatano, 16 Mei

Jibu ninalo, la karne na karne. Mungu ana utashi. Tangu milele alitaka ulimwengu uanze pale ulipoanza, si mapema, si baadaye, na utashi hauhitaji sababu nje yake. Nikatafuta mfano wa kina mama. Sahani ina sambusa mbili, sawa kwa sawa, nawe una njaa. Hutakaa pale ukitafuta tofauti. Unachukua moja tu. Basi utashi ndio huo.

Nikamjaribia Laurette, Mkongomani ninayepanga naye hapa Albert Park, msusi wa saluni ya chini. Alicheka mpaka akashika ukuta, Kifaransa chake kikamtoka. "Mais Kidawa! Mutu wa njaa anachagua? Anakula zote mbili!" Nikamwambia acha utani, anachukua moja tu. Akafikiri kidogo, kitana mdomoni. Akasema basi atachukua ile iko karibu na mkono. Sababu iko.

Eish.

Nilicheka naye. Kisha nikaingiwa na baridi. Sababu iko! Nimepekua kila kitabu nilichonacho, na kila jibu lina tundu mahali, mtu wa saluni analiona. Hoja ya kwanza bado imesimama pale pale nilipoijenga. Naogopa, na si kamati ninayoiogopa.

Alhamisi, 17 Mei

Bi Sakina kanipigia. Mumewe alifariki Ramadhani iliyopita, na kila Alhamisi jioni humsomea Yasini. Anaanza bila utangulizi: kama dunia haina mwanzo, haina mwisho, siyo? Nikasema wale wanafalsafa ndivyo walivyosema, ndiyo. Na kama haina mwisho, Kiyama kiko wapi? Na kama hakuna Kiyama, yule mzee wangu nitamkuta wapi?

Nikaanza kueleza. Akanikatiza, kwa upole. Kasema leo ameufungua msahafu, ameufunga. "Namsomea nani, mwanangu?"

Ya Rabbi, nimefanya nini! Mjane wa watu. Nilikuwa naringa na hoja yangu, nayo imeingia mpaka chumbani kwake.

Ijumaa, 18 Mei

Nimemaliza. Kurasa mbili, safi, kamati itaridhika. Sambusa nimezitoa. Nikisoma kwa sauti najisikia kama ninamuuzia mtu simu mbovu. Laurette ameniombea kwa Yesu wake, nami nikaitikia amina. Sili, silali.

Jumamosi, 19 Mei

Niko chumba cha kutawadhia, nyuma ya madrasa. Maalim kaniambia ningoje hapa mpaka niitwe. Wanaume wameshakaa, nawasikia wakikohoa. Wanawake nao wamejaa leo, hata wasiokuja siku nyingine.

Bi Sakina kaingia, kafunga mlango. Kaniomba karatasi. Akaisoma polepole, kidole mstari kwa mstari. Kisha: "Hili jibu, wewe limekutosha?"

Nilitaka kusema ndiyo. Ndiyo moja tu, arudi kwenye Yasini yake, nami nibaki na darasa langu! Ilikuwa mdomoni.

Nikasema halijanitosha, Bi. Nikamwambia naamini nitamkuta marehemu baba yangu, naamini kabisa, nasali kwa ajili hiyo. Lakini kwa karatasi hii siwezi kuthibitisha, na sijaona aliyeweza. Nikaanza kulia kama mjinga.

Yeye akashusha pumzi ndefu. "Wiki nzima," kasema, "nilidhani ni mimi peke yangu."

Akaikunja karatasi, akaitia kifuani, ndani ya nguo. Kasema nikaseme hayo hayo niliyomwambia yeye. Nikasema Bi Sakina, watanifukuza! "Watakufukuza," kasema, wala hakunifariji.

Maalim amegonga mlango. Nimesema nakuja. Amegonga tena — kamati inangoja, nije na karatasi yangu. Nanyoosha mkono nirudishiwe. Bi Sakina anajifanya haoni mkono. Ananipangusa macho kwa ncha ya mtandio wake, ananifunga wangu vizuri, kaza kidogo hapa, kidogo hapa. Karatasi imebaki kifuani mwake, nami siidai tena.