Mwisho Uliosomwa na Haruna

Jedda, Jumanne

Mhariri wa Riyadh amepiga tena. Anataka masimulizi ya filamu ya maisha ya yule mwandishi wa Kifaransa niyasome yote upya, kwa sauti moja, na ya marehemu Haruna, msomaji aliyeianza kazi kabla yangu, ifutwe.

Kawaida ya Haruna ilikuwa kurekodi mwisho kwanza, angali na pumzi. Kwa hiyo kifo cha Mfaransa alishakisoma, na mazishi. Mimi nimebakiziwa utoto na vitabu.

Alasiri nilikwenda mtaa wa Bani Malik kwa mjane wake. Yumo edani, tukazungumza pazia likiwa kati. Nikamwekea kipande cha sauti ya Haruna kwenye simu. Akacheka.

"Huyo huyo! Mfaransa wa watu anamsomea kama talakini ya kaburini."

"Wanataka kuifuta, Bi Salma."

"Wafute wao. Wewe usiwe mfutaji, mwanangu."

Nimemwandikia mhariri: mwisho ni wa Haruna, au atafute msomaji mwingine. Hajajibu. Huenda kazi imekwenda.

Hata hivyo nimerekodi utoto, kabatini, katikati ya makoti yanayomeza mwangwi. Ili sauti zishikane nilimsikiliza Haruna kabla ya kila aya.

Baadaye nikashuka kuagiza chai. Muuzaji, aliyemzoea Haruna, aliposikia sauti yangu aligeuka ghafla kabla hajaniona.